Kilichokuwa Hapa: Historia ya Marehemu Taratibu

Ndugu waombolezaji, majirani, wafanyakazi wenzake marehemu, wazee wetu mlioko humu sebuleni na ninyi mliokaa nje mnaosikia kwa spika, na wewe pia uliyekaa kiti cha tatu mstari wa mbele ukiwa umevaa miwani ya jua ndani ya nyumba, familia inawasalimu, inawapa pole, na inawaomba utulivu kwa muda ambao historia hii itasomwa. Anayesoma ni dada yake mkubwa marehemu, karani wa masjala kwa miaka kumi na tisa, mtu aliyezoea kusoma mafaili ya wengine, na ratiba imempa dakika kumi. Atapitiliza. Karatasi aliyoandikiwa na baba mdogo, ukurasa mmoja na nusu, anayo mkononi na ataifuata kwa heshima zote mpaka pale itakapoacha kusema kweli, kisha ataikunja, na baba mdogo asimkonyeze, maana jana walishagombana vya kutosha na majibu ya pande zote mbili yanajulikana.

Marehemu alizaliwa Jumanne, tarehe 14 Machi 1989, saa kumi na moja alfajiri, katika wodi ya wazazi ya hospitali ya serikali, akiwa mtoto wa pili na wa mwisho wa baba dereva wa malori na mama fundi cherehani, baada ya uchungu wa siku mbili ambao mama aliusimulia mpaka anaingia kaburini, akisema kuwa mkunga alimwambia asukume, naye akamjibu kuwa anayesukumwa hataki, huyu anakuja taratibu. Jina likabaki hapo hapo. Alitembea akiwa na mwaka mmoja na miezi minane, akatamka neno la maana akiwa na miaka mitatu, na watu walipomshauri mama ampeleke akapimwe, aliwajibu kuwa mtoto si chai, hachemshwi. Baba alifariki tarehe 2 Julai 1997 lori lake lilipopinduka kwenye mteremko, na tangu siku hiyo mama alitulea sisi wawili kwa cherehani iliyokaa chini ya dirisha hili la kulia, akishona sare za shule, na kama kuna mtu wa mtaa huu mwenye umri wa kati ya miaka ishirini na arobaini ambaye hajawahi kuvaa kitu kilichotoka chini ya dirisha hilo, anyooshe mkono. Hakuna.

Kuhusu elimu, alianza shule ya msingi Januari 1996 akamaliza 2002, akasoma sekondari kuanzia 2003 hadi 2006, na kufaulu kwake kulikuwa kwa wastani, hakuvuma wala hakufeli, ila mwalimu wake wa hesabu aliandika kwenye ripoti ya kidato cha tatu maneno manne ambayo mama aliyacheka wiki nzima: "Anaweza, ila anaangalia ukuta." Ukweli ni kwamba alikuwa anaangalia. Mtoto yule ungemtuma chumvi dukani ukamkuta nusu saa baadaye amesimama mbele ya kibanda kilichobomolewa, anatazama pale kilipokuwa, na ukimuuliza anatazama nini anakujibu kwamba hapa palikuwa na fundi viatu. Dada yake alikuwa anampiga kibao cha kisogo na kumvuta mkono. Alidhani anamfundisha.

Kazi aliianza tarehe 5 Februari 2007 kwenye studio ya mpiga picha tuliyemwita Mzee Flashi, akibeba taa na kukunja nyaya, na kufikia mwaka 2009 alikuwa akipiga video za harusi peke yake na kuzihariri peke yake, kazi safi, isipokuwa alikuwa na ugonjwa wake mmoja, kwamba sherehe ikiisha na wageni wakiondoka, yeye anabaki nyuma anapiga ukumbi mtupu, viti vilivyosukumwa kando, meza iliyobaki makombo, zulia lenye alama za viatu, na vipande hivyo anaviunganisha mwishoni mwa video bila kuombwa. Bibi harusi mmoja, ambaye yupo hapa leo na anaonekana anacheka, alirudi studio kulalamika kuwa yeye amelipia harusi akapewa viti. Mzee Flashi alimkanya, Taratibu akaitikia ndiyo mzee, na Jumamosi iliyofuata akapiga viti tena.

Hapa ndipo karatasi ya baba mdogo inapoandika, nanukuu, kwamba kuanzia mwaka 2011 hadi 2017 marehemu alijishughulisha na shughuli zake binafsi, na hapa ndipo dada anaikunja na kuitia mkobani. Mficha maradhi kifo humuumbua, na kifo chenyewe kiko katikati yetu ndani ya sanduku, kwa hiyo hakuna tena cha kuficha. Marehemu alikuwa teja. Alianza unga mwezi Juni 2011 pamoja na mpiga ngoma wa bendi ya harusi, kwanza kwa kuvuta, mwaka uliofuata kwa sindano, na kufikia mwisho wa 2012 Mzee Flashi alimfukuza kazi kwa sababu ya kamera mbili ambazo zilitoka studio na hazikurudi. Wengi wenu mliokaa hapa mlimwona akiwa amepinda kama ndoano kwenye ukuta wa duka la dawa, mkavuka barabara, na dada yake pia alivuka barabara, zaidi ya mara moja, akiwa amevaa sare ya ofisi, mkoba kaubana kwapani.

Nyumba hii ikaanza kupungua. Ilianza saa ya ukutani iliyokuwa juu ya mlango huo, ikafuata pasi, ikafuata redio ya baba, ikafuata televisheni, kioo kikubwa cha chumbani kwa mama, na mwisho, tarehe 3 Februari 2014, mama alikwenda kliniki kupima presha, akarudi akakuta chini ya dirisha kuna alama nne sakafuni na nyuzi za rangi zimetapakaa. Alikaa kwenye stuli yake ya kushonea, mbele ya mahali pasipo na cherehani, akaweka mikono yake mapajani, na dada alipoingia kutoka kazini alimkuta hivyo hivyo bado hajavua viatu. Kiharusi kilimpata mwaka uliofuata, akafariki Jumamosi tarehe 22 Agosti 2015, akiwa na miaka hamsini na nane, na marehemu alikuja kwenye msiba wa mama yake amechelewa, akaondoka mapema, na sufuria mbili za majirani zikaondoka naye. Majirani hao hawajawahi kuzidai, na familia inawashukuru leo kwa mara ya kwanza.

Watu wanadhani unga ni raha. Marehemu alimweleza dada yake mambo haya hospitalini mwaka huu, akiwa amelala ubavu, kwa sauti ndogo, kwamba raha yenyewe huisha mapema mno, miezi michache tu, baada ya hapo mtu anatafuta unga ili awe mzima kama wengine walivyo wazima bure, kwa sababu ukiukosa inakuja arosto, mifupa inauma kama imetiwa mchanga ndani, macho yanachuruzika, unapiga miayo mpaka taya linateguka, na ngozi inasikia baridi hata ukikaa juani. Akasema kwamba jambo baya kuliko yote liko machoni. Ukiwa na arosto, kitu hukioni tena kuwa kitu, unakiona tayari kimeshaondoka, unatazama saa ya mama yako ukutani na unachokiona ni msumari. Alisema aliiona nyumba hii ikiwa tupu miaka mitatu kabla haijawa tupu, na kwamba kuiba hakukumuuma kama kuona. Dada aliyasikia hayo akatoka nje ya wodi, akasimama kwenye ngazi, akalia kwa hasira, kwa sababu alikuwa ameishi na chuki miaka kumi na sasa ilimbidi aelewe, na kuelewa ni kazi ngumu kuliko kuchukia.

Jumatatu, tarehe 4 Januari 2016, alijipeleka mwenyewe kwenye kituo cha waraibu, akiwa na kilo arobaini na sita, na mwezi Mei mwaka huo huo kituoni hapo akafika mtu wa filamu, ambaye tutamwita Mwongozaji kwa kuwa ndivyo anavyopenda kuitwa, na ambaye ndiye mwenye ile miwani. Alikuja na wafadhili wake kuendesha mafunzo ya wiki nane ya kutengeneza filamu fupi za majaribio, zile zisizofuata hadithi ya kawaida, ili waraibu waonyeshe wenyewe walivyoishi. Wenzake Taratibu wakatengeneza kama walivyofundishwa, sindano, mshumaa, kijana kajikunyata pembeni anatetemeka, muziki wa huzuni juu yake. Taratibu aliomba kamera kwa siku tatu na ruhusa ya kuja nyumbani, na dada alimfungulia mlango huku ameshika ufagio, akamfuata nao chumba kwa chumba siku zote tatu, asije akabeba na vitasa. Hakubeba kitu. Alipiga kuta.

Filamu hiyo inaitwa Kilichokuwa Hapa, ina dakika kumi na moja na sekunde arobaini, na kwa kuwa baadhi yenu mmeisikia tu redioni, dada ataieleza. Haina mtu hata mmoja. Kamera imesimama haitikisiki, inatazama msumari ulioko juu ya mlango huu na lile doa jeupe la mviringo pale saa ilipokaa miaka kumi na minane, na huku unatazama doa unasikia saa inagonga, sekunde arobaini nzima, mpaka jicho lako linaanza kuona mishale. Kisha kigae kilichoungua pale pasi ilipokuwa ikipozwa, na pasi inafoka mvuke. Kisha rafu ya redio, na redio inatafuta stesheni. Kila kitu kinakuja kwa mpangilio ule ule aliokiondolea, na sauti ya kwanza hainyamazi ya pili inapoingia, wala ya pili kwa ya tatu, kwa hiyo kadiri nyumba inavyozidi kuwa tupu ndivyo inavyozidi kupiga kelele, mpaka zinapofika zile alama nne chini ya dirisha na cherehani inaanza kushona, inasimama, inakata uzi, inashona tena, huwezi kukaa kitini. Sauti hizo alizitafuta kwa majirani, mlango kwa mlango, akiomba asikilizishwe pasi, na wenye pasi wakasimama mlangoni wakiishikilia.

Halafu vyote vinanyamaza kwa pamoja, kamera inatazama mlango wa mbele ulio wazi na hakuna aliyesimama, na inasikika sauti ya mama yetu, ambayo Taratibu aliitoa kwenye video ya harusi ya mwaka 2009 mama alipomwita kutoka nyuma ya kamera, akisema, "We Taratibu, weka hiyo kamera chini uje ule." Basi, inaisha. Mwongozaji alipoonyeshwa mara ya kwanza alisema humu hamna kitu, akauliza teja yuko wapi, na Taratibu akamjibu, "Teja ndiye wewe unayeangalia." Mashahidi wa jibu hilo ni watu watano wa kituo, wamekaa pale kwenye benchi, na mmoja wao anatingisha kichwa.

Tarehe 11 Septemba 2016 marehemu aliteleza, akatoroka kituo, akarudi mtaani kwa miezi saba, na jambo hili halipambwi. Cha mlevi huliwa na mgema. Alhamisi, tarehe 20 Oktoba, yeye akiwa hajulikani amelala wapi, Mwongozaji alifika katika nyumba hii akiwa na fomu ya ruhusa ya kutumia picha za nyumba, akaikuta saini ya familia inamsubiri, kwa sababu dada mtu alikuwa na mchumba, na wazazi wa mchumba walikuwa waje wiki iliyofuata, na hakutaka wasikie kwamba ukoo huu una teja anayetengenezewa filamu. Alisaini bila kukaa chini, ili mgeni aondoke upesi. Kisha akachukua kalamu, na kwa mwandiko wake wa kikarani akaongeza chini ya fomu sharti moja, kwamba jina la mdogo wake lisionekane wala lisisikike popote katika filamu hiyo. Yule mchumba mwenyewe hakufika mbali, lakini hilo si la leo.

Dada huyo ni mimi. Nimejiita dada ukurasa mzima kwa sababu historia ya marehemu husomwa hivyo, lakini sharti lile liliandikwa na mkono huu na siwezi kulisoma kana kwamba liliandikwa na mtu wa wilaya nyingine. Kule masjala tunaandika maneno mawili mawili, asiingie wala asitoke, lisitolewe wala lisinakiliwe, ni mazoea, mkono unaandika wenyewe, na ndivyo nilivyoandika lisionekane wala lisisikike, bila kujua kuwa ndani ya filamu ile jina lake linasikika mara moja tu, na linatoka kinywani mwa mama. Mwongozaji alilitekeleza. Alichukua mkasi wake akamkata mama.

Na kama angeishia hapo, leo ningekuwa ninajilaumu peke yangu, na huyu mtu tungempa kiti na chakula. Hakuishia hapo. Kwenye pengo la jina aliweka lake, filamu ya fulani, wazo la fulani, na mwaka 2017 ikapata tuzo, na mwaka uliofuata akakaa kwenye televisheni, miguu ameipachika mmoja juu ya mwingine, akasema kwamba nyumba ile ni ya utoto wake, kwamba alama nne ni za cherehani ya mama yake, na sauti ya mwishoni ni ya mama yake mzazi, akafuta chozi. Ndugu waombolezaji, mtu huyu amekaa miaka saba akililia cherehani yetu, na leo asubuhi aliingia mlango huu, akapita chini ya ule msumari, akauliza choo kiko wapi. Asiye na haya hana hofu ya kuumbuka, lakini ataumbuka.

Marehemu aliacha unga kabisa Jumatatu, tarehe 17 Aprili 2017, na hakuurudia mpaka anakufa, naomba hilo liandikwe na yeyote anayeandika. Aliiona filamu yake ikiwa na jina la mwingine Ijumaa, tarehe 16 Machi 2018, kwenye ukumbi wa chuo, amekaa mstari wa nyuma kabisa pamoja na mpishi wa kituo ambaye baadaye alikuja kuwa mke wake, na ni mkewe aliyenisimulia kwamba mwishoni, mama aliposema we, pakawa na kimya kidogo kama pumzi, kisha akasema weka hiyo kamera chini, Taratibu aliushika mkono wake akaubana mpaka pete ikamkata. Walipotoka alimfuata Mwongozaji, ambaye alimtambulisha kwa wageni kuwa ni mmoja wa vijana aliowasaidia, akamvuta pembeni, na akampa nakala ya fomu ile niliyosaini. Alimwambia, "Usinilaumu mimi, dada yako mwenyewe ndiye hakutaka." Mkuki kwa nguruwe mtamu. Alikuwa anaitembeza nakala ya karatasi yangu mfukoni, kama mtu anayejua siku moja ataihitaji.

Sasa sikilizeni jambo ambalo limenivunja. Marehemu alijua tangu siku ile, na mimi sikujua kuwa anajua. Miaka sita alikuja hapa kila Jumapili baada ya saa saba mchana, akafunga kitasa kilicholegea, akapaka rangi jikoni, akaniletea saa mpya ambayo hakuning'iniza kwenye msumari ule ila kwenye ukuta mwingine, akanywa chai, akanitania kwamba chai yangu ina harufu ya mafaili, na hakusema. Nakala ile niliipata Jumanne wiki hii, siku moja baada ya kifo, mkewe aliponipa bahasha yake ya vyeti nichukue tarehe za kuandikia historia hii, ikiwa imekunjwa kati ya cheti cha ndoa na kadi ya kliniki ya mtoto. Ningemwomba radhi, na angenijibu kwa utani, na yangekwisha. Nimenyimwa hilo, na nimejinyima mwenyewe, na hasira niliyonayo ni ya watu wawili, mmoja nitalala naye kitanda kimoja maisha yangu yote, na mwingine amekaa kiti cha tatu.

Alifunga ndoa Jumamosi, tarehe 8 Desemba 2018, harusi ndogo ya watu thelathini ambayo aliipiga video yeye mwenyewe, bwana harusi na kamera begani, na Jumamosi, tarehe 30 Mei 2020, wakajaliwa mtoto wa kike aliyepewa jina la mama. Alirudi kwenye video za harusi, na siku za Jumatano alifundisha kituoni bila malipo, na mwanafunzi aliyemletea sindano na mshumaa alimrudisha akaangalie ukuta. Novemba 2023 macho yake yaligeuka manjano, madaktari wakagundua kuwa ini limeharibika kwa homa ya ini iliyomwingia zamani kwa sindano za kuazimana, akalazwa mara tatu, ya mwisho tarehe 19 Agosti mwaka huu wa 2024, na Jumatatu, tarehe 9 Septemba, saa nne na robo asubuhi, mimi nikimshika mguu na mkewe akimshika kichwa, alikata roho, kwa taratibu zake, tukidhani mara mbili amekwisha naye akavuta pumzi tena.

Ameacha mjane, mtoto mmoja wa miaka minne, na filamu moja, na mtoto huyo akikua akienda kuitafuta hiyo filamu atakuta baba yake hayumo, na bibi yake ameitwa mama wa mtu mwingine. Hicho ndicho kilichonisimamisha hapa. Kwa hiyo, mbele yenu na mbele ya wakili aliyekaa karibu na dirisha, ambaye aliniambia mashahidi watatu wanatosha na mimi nikamwambia nitamletea mia mbili, natamka kwamba karatasi niliyosaini tarehe 20 Oktoba 2016 iliruhusu picha za nyumba zitumike na iliomba jina lifichwe, haikumpa mtu yeyote kazi ya mdogo wangu, kwamba niliiandika kwa aibu, kwamba ninaifuta kwa sauti, na kwamba filamu ya Kilichokuwa Hapa ni ya marehemu peke yake, wazo, picha, sauti na mama. Faili la kwanza, lenye tarehe zake na lenye mama hajakatwa, mkewe analo. Baba mdogo, najua umefunika uso, lakini aibu hii ni yangu, wewe pumzisha mikono.

Kwenye ratiba mlizonazo mkononi, namba saba, baada ya historia, imeandikwa salamu za rambirambi kutoka kwa watu wa filamu. Mwongozaji alituma ujumbe juzi kuomba nafasi hiyo, na kuomba kuja na mpiga picha wake, kwa kuwa anaandaa filamu mpya kuhusu rafiki yake huyu aliyemtoa jalalani. Namba saba imefutwa. Badala yake, juu ya meza iliyo mbele ya jeneza, kuna karatasi mbili ambazo nimezichapa mwenyewe, na nimezihakiki kila neno safari hii. Ya kwanza ni ungamo la mistari minne, linalosema filamu ni ya nani, linalorudisha jina na linalorudisha mama. Ya pili ni madai ya mahakamani, ambayo wakili atayafungua kesho saa mbili, na mashahidi wake ni ninyi mliokula hapa tangu Jumatatu. Atachagua moja.

Familia inatoa shukrani kwa madaktari na wauguzi wa wodi namba nne, waliomhudumia teja wa zamani bila kumuuliza alikuwa nani, inawashukuru watu wa kituo cha waraibu kwa kumpokea mara mbili, inamshukuru Mzee Flashi, aliyekuja kwa magongo na ambaye zile kamera mbili alishasamehe, inawashukuru wafanyakazi wenzangu wa masjala kwa kunishikia zamu, na majirani wote waliotuazima viti, maturubai na sufuria, tukiwahakikishia kuwa safari hii zitarudi. Kwa namna ya pekee inamshukuru jirani yetu fundi wa mageti, ambaye gari la Mwongozaji limeegeshwa uani kwake kwa heshima, na ambaye amefunga geti lake dakika ishirini zilizopita akaja kukaa hapa kwenye kivuli, ufunguo kauweka kwenye soksi, na anasema hana haraka ya kwenda popote. Mpiga picha wake tumemkaribisha jikoni, anakula.

Tunaokwenda kuzika tutainuka sasa hivi, na meza hii itabaki hapa na kalamu yake, na mjane wa marehemu atakaa nayo mpaka tutakaporudi, yeye na huyu ndugu mwenye miwani, wawili tu, na mlango utakuwa wazi. Mdogo wangu, kazi yako umemaliza. Wewe pumzika kwa amani, na huyu nimwachie mkeo.